Mwongozo Kamili wa Kubuni Mtambo wa Ajabu wa Kufumia Nguo kwa Ajili ya Hadithi ya Ulimwengu wa Kubuni

Waandishi wanaoanza hadithi za ulimwengu wa kubuni wanaupenda sana mtambo wa kufumia nguo, na wana haki ya kuupenda, kwa kuwa ni kifaa ambacho msomaji hukiona kikizaa kitu mbele ya macho yake. Hata hivyo, maandiko mengi ya aina hii hukwama mahali pamoja. Mtambo unatajwa, unavuma, unatoa nuru, kisha unazaa joho linalomficha shujaa, zulia linaloruka na ramani inayojichora yenyewe, yote katika sura moja. Kuanzia hapo halibaki tatizo ambalo mtambo huo usingeweza kulimaliza, na hadithi inakufa ikiwa changa.

Chanzo cha ugonjwa huu ni kwamba mwandishi hajui nguo inavyofumwa, kwa hiyo hajui mtambo unakataa nini. Mwongozo huu unaanzia kwenye kazi yenyewe ya mfumi, kisha unaijenga ajabu juu yake. Mfano nitakaoutumia hadi mwisho ni wa mji wa kubuni niliouita Mirungwa, ambako kuna mtambo unaofuma matanga ya vyombo vya baharini, na kila tanga linaijua njia ya kwenda bandari moja tu.

Vitu unavyohitaji

- Kadibodi ngumu ya sentimita 20 kwa 30. Ya boksi la vifaa vya umeme inafaa kuliko ya boksi la biskuti, ambayo hupinda.
- Uzi mnene wa pamba au wa sufi wa rangi mbili tofauti.
- Shazia, yaani ile sindano kubwa ya kushonea magunia. Sindano ya kawaida ya kushonea nguo haifai, kwa sababu hupasua uzi badala ya kupita kati ya nyuzi.
- Uma wa mezani, mkasi, rula na kalamu.
- Daftari ambalo hutaandikia kitu kingine chochote.
- Jioni moja isiyo na shughuli nyingine.

Kompyuta na simu viweke mbali hadi hatua ya tisa.

Hatua ya 1: Fuma kitambaa kwa mkono wako

Kwenye kingo mbili fupi za kadibodi, weka alama 15 zinazoachana kwa sentimita 1, kisha kata vipasuo vya nusu sentimita kwenye kila alama, vya juu vikitazamana na vya chini. Funga ncha ya uzi nyuma ya kipasuo cha kwanza, ushushe hadi kipasuo kinachotazamana nacho, uupitishe nyuma ya jino la kadibodi na kuupandisha kwenye kipasuo cha pili, na uendelee hivyo hadi upate nyuzi 15 zilizosimama upande wa mbele. Hizo ndizo mtande.

Gusa nyuzi hizo kwa kidole. Zikilegea, mshindio, yaani uzi utakaoupitisha kwa upana kati ya nyuzi hizo, hautakaa mahali pake. Zikikazwa kupita kiasi, kadibodi itakunjika. Mkazo unaofaa ni ule ambao uzi ukivutwa kidogo na kuachwa hurudi mahali pake papo hapo, na kadibodi ingali imenyooka.

Sasa tunga uzi wa rangi ya pili kwenye shazia. Upitishe juu ya uzi wa kwanza wa mtande, chini ya wa pili, juu ya wa tatu, hadi mwisho. Unaporudi, fanya kinyume: ulipopita juu, pita chini. Baada ya kila mpito, shindilia kwa uma.

Hapa ndipo wengi wanapoharibu. Usiuvute mshindio ukanyooka. Ulaze kwa mshazari ndani ya mtande kwanza, ndipo uushindilie. Uzi unaopanda na kushuka juu ya nyuzi nyingine unahitaji urefu zaidi kuliko uzi ulionyooka, na usipoupa urefu huo utaupata wenyewe kwa kuzivuta kingo za nguo ndani.

Umefaulu ikiwa una kitambaa cha sentimita 10 ambacho upana wake wa juu ni sawa na wa chini. Andika kwenye daftari mambo manne uliyoyahisi: mlio wa uma unaposhindilia, kosa ulilolitambua ukiwa umekwisha kulipita kwa mistari kadhaa, sehemu ya mwili iliyouma, na wakati ulipoacha kuhesabu juu na chini kwa sauti. Maelezo haya manne ndiyo yatakayoifanya sura yako isadikike, na hayapatikani kwa kusoma.

Hatua ya 2: Zijue sehemu za mtambo na kazi ya kila moja

Kitanda cha mfumi, yaani mtambo wenyewe wa kufumia, hufanya kazi ileile uliyoifanya kwa kadibodi, ila kwa haraka na kwa wingi. Kina boriti ya nyuma ambako mtande mrefu umeviringishwa, na boriti ya mbele ambako nguo iliyokwisha kufumwa inaviringishwa. Kati ya boriti hizo mbili mtande umekazwa.

Kila uzi wa mtande umepita ndani ya kitanzi. Vitanzi vya nyuzi za kwanza, tatu, tano na kuendelea vimefungwa kwenye ufito mmoja. Vya nyuzi za pili, nne na sita kwenye ufito mwingine. Mfumi akiinua ufito mmoja, nusu ya mtande hupanda na nusu hubaki chini, na mwanya hufunguka. Mfumi hupitisha humo kijiti kilichoviringishiwa mshindio, hushindilia kwa kitana, yaani chanuo linalofanya kazi ya ule uma wako, hubadilisha fito, mwanya mwingine hufunguka.

Hiyo ndiyo kazi yote: fungua, pitisha, shindilia, badilisha. Chora mtambo wako kwenye daftari ukionyesha sehemu hizi tano, yaani boriti, mtande, vitanzi, kijiti cha mshindio na kitana. Unaweza kuzitengeneza kwa mfupa, kwa kioo au kwa mbao za merikebu iliyozama. Usiongeze sehemu ya sita ambayo huwezi kueleza kazi yake kwa sentensi moja.

Mimi binafsi siipendi mitambo inayozungumza. Ikiwa wako unazungumza, jiulize kwanza ni nani angelazimika kuyasema maneno hayo kama mtambo ungekuwa bubu. Mara nyingi ni mhusika uliyesahau kumwandika.

Hatua ya 3: Chagua mahali pamoja pa kuingizia ajabu

Ajabu iingie kwenye sehemu moja tu ya kazi, na sehemu nyingine zote zifuate kanuni za kawaida za ufumaji. Sababu ni kwamba msomaji anaweza kukubali jambo moja lisilowezekana bila kudai maelezo. Akipewa la pili anaanza kushuku, na akipewa la tatu anajua kwamba mwandishi atatoa lolote atakapobanwa.

Ukiiweka ajabu kwenye uzi wenyewe, hadithi yako itakuwa ya kutafuta: nani anasokota uzi huo, na unapatikana wapi. Ukiiweka kwenye mkono wa mfumi, itakuwa hadithi ya kipaji na wivu. Ukiiweka kwenye kitana, kila pigo litakuwa na uzito, nawe utapata sauti nzuri ya kuandikia usiku.

Ukiiweka kwenye vitanzi vinavyoamua uzi upi upande, umeingia kwenye eneo la maandishi na kumbukumbu, na hapo una kielelezo kutoka ulimwengu wetu. Mashine ya Joseph Marie Jacquard, iliyotokea Lyon, Ufaransa, mwaka 1804, iliongoza kupanda kwa nyuzi kwa kadi zenye matundu, kadi moja kwa kila mpito wa mshindio. Picha ya Jacquard mwenyewe iliyofumwa baadaye kwa hariri ilihitaji kadi zipatazo 24,000. Kwa hiyo mhusika wako akisema kwamba mtambo utamfumia sura ya mama yake aliyefariki, mtu fulani amekesha akitoboa.

Tahadhari moja inawahusu hasa wasomaji wa pwani. Nimeona maandiko ambamo mtambo wa ajabu unafuma kanga, na jina la kanga linajiandika lenyewe kadiri kitambaa kinavyosonga mbele. Kanga huchapwa: kitambaa hufumwa kikiwa cheupe, kisha pindo, mji na jina hupigwa juu yake kwa rangi. Ukitaka maneno yatoke kwenye ufumaji wenyewe, lazima herufi zijengwe mpito kwa mpito, na mfumi atauona mguu wa herufi muda mrefu kabla ya kuona kichwa chake. Jambo hilo linaweza kuwa zuri kuliko kanga uliyoikusudia, lakini liandike ukijua unachokifanya.

Huko Mirungwa niliiweka ajabu mahali ambapo wasiofuma hawapajui kabisa. Kabla ya kufumwa, nyuzi za mtande hupakwa uji mwepesi wa wanga, ziwe ngumu na laini, zisichakae kwa kusuguliwa na vitanzi na kitana. Wafumi wa ulimwengu wetu wameutumia uji wa mchele na wa unga kwa kazi hiyo. Mirungwa hufanya vivyo hivyo, ila uji wao unapikwa kwa maji yaliyochotwa kwenye bandari ambako tanga litakwenda.

Umefaulu ikiwa unaweza kukamilisha sentensi hii bila neno "na": mtambo huu ni wa kawaida kwa kila kitu isipokuwa…

Hatua ya 4: Tenga yaliyokwisha amuliwa na yanayoamuliwa njiani

Hii ndiyo hatua iliyo na thamani kubwa kuliko zote, nami naomba usiipite kwa haraka.

Mtande huwekwa wote kabla ya mpito wa kwanza. Urefu wake, upana wake, idadi ya nyuzi zake na mpangilio wa rangi zake vimekwisha amuliwa siku ambayo mfumi anakaa kwenye kiti. Hawezi kurefusha nguo akiwa katikati. Mshindio, kwa upande wake, huamuliwa mpito kwa mpito: mfumi anaweza kubadilisha rangi, kushindilia kwa nguvu au kwa upole, kuacha kazi leo na kuiendeleza kesho.

Sheria ya mtambo wako ichukue umbo hilohilo. Andika safu mbili kwenye daftari. Kwenye safu ya mtande, andika mambo ambayo yakishawekwa hakuna mhusika, hata mfalme, anayeweza kuyabadilisha bila kuikata nguo yote. Kwenye safu ya mshindio, andika mambo ambayo mfumi anayaamua akiwa kazini.

Mirungwa, safu ya mtande ina neno moja tu: bandari. Safu ya mshindio ina mengi: upepo utakaolijaza tanga, kasi ya chombo, iwapo chombo kitapita mkondo wa nje au karibu na mwamba. Kutokana na hayo tu, hadithi imekwisha kuanza. Mfumi akipata habari akiwa katikati ya kazi kwamba bandari ile imechomwa moto, hawezi kuligeuza tanga. Anachoweza ni kuifanya safari iwe ya polepole sana, ili chombo kifike moto ukiwa umezimika, na nahodha asijue kwa nini.

Kuna aina nyingine ya mpaka inayotoka kwenye mali yenyewe. Wakuba wa Kasai, nchini Kongo, hufuma nguo kwa nyuzi za majani ya mwale, mti wa jamii ya mnazi, na kwa kuwa nyuzi hizo hazisokotwi pamoja ziwe uzi mrefu, kipande cha nguo huishia pale jani linapoishia. Anayetaka vazi kubwa hushona vipande. Ikiwa mtambo wako unafuma kwa nywele, kwa mishipa ya majani au kwa miale ya mbalamwezi, amua mapema kila kimoja kina urefu gani, kwa kuwa swali hilo litaamua umbo la vitu vyote vinavyotoka humo.

Umefaulu ikiwa safu ya mtande ni fupi kuliko ya mshindio, na ikiwa kila jambo lililo kwenye safu ya mtande linamuumiza mhusika mmoja angalau.

Hatua ya 5: Piga hesabu

Waandishi wengi huruka hatua hii kwa kuiona ni ya wafanyabiashara. Fanyeni nami mara moja, muone inavyozaa.

Tumia vipimo vya mwili, kwa sababu vinafaa ulimwengu usio na rula na vinaeleweka kwetu: shibiri mbili ni dhiraa moja, na dhiraa nne ni pima. Dhiraa ni takriban sentimita 46.

Mfumi anayepitisha kijiti kwa mkono hawezi kufuma nguo pana kuliko mikono yake inavyofika. Tatizo hilo lilibaki hadi John Kay wa Uingereza alipopata hataza ya kijiti kinachorushwa kwa kamba, mwaka 1733. Njia mojawapo ya kupata nguo pana ni ile ya kente ya Ghana, ambayo hufumwa kwa mikanda myembamba ya sentimita 10 hivi, kisha mikanda hiyo hushonwa pamoja. Tanga la Mirungwa nalo ni la mikanda. Nimeamua liwe na mikanda mitano, kila mmoja una upana wa dhiraa 1 na urefu wa dhiraa 12.

Dhiraa 12 ni kama mita 5.5 za nguo, lakini mtande lazima uwe mrefu zaidi. Sehemu ya kumi hivi hupotea kwa sababu nyuzi zinapanda na kushuka, na mwishoni hubaki kipande kinachofungwa kwenye boriti, ambacho mwanya wake haufunguki tena na hakifumiki. Weka mita 7. Ukiwa na nyuzi 10 kwa kila sentimita, mkanda wa sentimita 46 una nyuzi 460, na 460 mara 7 ni mita 3,220 za uzi. Kwa mikanda mitano ni zaidi ya kilomita 16.

Sasa mtazame mwanafunzi wa ufumi. Vigingi viwili vimesimikwa ardhini kwa umbali wa mita saba, naye anatembea kati yavyo akibeba uzi mmoja, kwenda na kurudi. Kwa tanga moja atatembea zaidi ya kilomita 16 bila kutoka uani. Mtoto ambaye ametembea umbali huo wote kwa ajili ya bandari ambayo hatapelekwa kamwe ni mhusika tayari, na sikumbuni. Hesabu ndiyo iliyomleta.

Vilevile zitazame zile ncha zisizofumika. Kila mkanda unaacha nyuzi 460 zenye urefu wa mkono, zilizopakwa maji ya bandari, zisizo na safari ndani yake. Je, zinachomwa? Zinauzwa kwa siri? Mtu akiufunga uzi huo kwenye kifundo cha mguu, anaamka akielekea wapi?

Umefaulu ikiwa hesabu yako imekupa angalau jambo moja la hadithi ambalo hukulikusudia. Ikiwa haikukupa, badilisha vipimo uirudie.

Hatua ya 6: Weka gharama inayohesabika

Gharama ya aina ya "mtambo hula nafsi ya anayeutumia" haina kazi yoyote, kwa kuwa msomaji hajui nafsi inapungua kwa kiasi gani. Gharama iwe na kipimo, ilipwe kwa kitu ambacho mhusika anacho kwa idadi, na ilipwe wakati wa kufuma badala ya kungojea mwisho wa kitabu.

Mirungwa, kila shibiri ya nguo humpotezea mfumi njia moja aliyokuwa akiijua. Zinaanza njia za mbali, za masoko aliyoyafikia mara moja ujanani, kisha za mashamba, za nyumba za jamaa, na mwishowe ile ya kisimani.

Rudi kwenye hesabu. Mkanda wa dhiraa 12 una shibiri 24, na tanga zima lina shibiri 120. Hakuna mtu mmoja anayejua njia 120 na bado akabaki anafahamu mlango wa nyumba yake. Kwa hiyo tanga halifumwi na mtu mmoja. Linahitaji wafumi watano au zaidi, na lazima wakubaliane nani afume mkanda upi. Mfumi mwenye kiganja kikubwa hulipa kidogo kwa nguo ileile, ikiwa shibiri inapimwa kwa mkono wake. Ikiwa inapimwa kwa mkono wa tajiri aliyeagiza, tajiri atamtuma mtoto mdogo akapime. Ugomvi wa sura tatu umo ndani ya sentensi hizo.

Umefaulu ikiwa mhusika wako anaweza kusimama mbele ya mtambo na kujua, kabla hajagusa uzi, itamgharimu kiasi gani kufika mwisho.

Hatua ya 7: Orodhesha namna mtambo unavyoharibika

Mtambo usioharibika hauaminiki. Chukua hitilafu tatu za kweli za ufumaji, kisha uulize kila moja inafanya nini kwenye ajabu yako.

Ya kwanza ni uzi wa mtande kukatika. Hutokea kila wakati, na dawa yake ni kuunganisha uzi mpya kwa fundo dogo. Mirungwa, uzi huo mpya ulipakwa uji wa maji gani? Kama si ya bandari ileile, tanga litakuwa na uzi mmoja unaotaka kwenda kwingine, na baharini, upepo ukishika upande ule, chombo kitaanza kupinda kidogo kidogo.

Ya pili ni kosa la mpito lililogunduliwa mistari mingi baadaye. Mshindio unaweza kufumuliwa, mpito mmoja baada ya mwingine, hadi lilipo kosa. Kwangu mimi kufumua kunarudisha njia zilizopotea, iliyopotea mwisho ikirudi kwanza. Lakini usiwe mkarimu: uzi wa mtande unaosuguliwa mara kwa mara huchakaa na kutoa manyoya, na nguo iliyofumuliwa mara ya pili au ya tatu mtande wake haustahimili tena. Hivyo kurudi nyuma kunawezekana na kuna kikomo, na kikomo hicho nimekikuta kwenye uzi wenyewe.

Ya tatu ni mkazo usio sawa. Upande mmoja wa mtande ukilegea, nguo hutoka na mawimbi. Sihitaji kukueleza tanga lenye mawimbi litamfanyia nini nahodha.

Tahadhari: usibuni hitilafu ya nne kwa ajili tu ya kumwokoa shujaa katika sura ya mwisho. Kila kinachovunjika mwishoni kiwe kimekwisha kuonekana kikilalamika mapema.

Hatua ya 8: Wapange watu wanaouzunguka mtambo

Hatua hii ni fupi, kwa kuwa ukifanya hesabu vizuri watu wanajileta wenyewe. Kumbuka tu kwamba mfumi hawi peke yake. Kusokota uzi kwa mkono huchukua muda mrefu kuliko kuufuma, kwa hiyo mfumi mmoja hulishwa na wasokotaji kadhaa. Kuna wanaotia rangi, na chungu cha nili kilichochachushwa kinanuka kiasi kwamba nyumba ya mtia rangi huwa pembezoni mwa mji.

Amua pia nani anaruhusiwa kugusa nini. Kwa Wakuba niliowataja, wanaume ndio waliofuma na wanawake ndio waliotarizi juu ya nguo hiyo, kwa hiyo nguo moja ilipita mikono ya pande mbili. Mgawanyo wa aina hiyo katika ulimwengu wako utakupa siri: kuna jambo ambalo mtarizi analijua kuhusu nguo na mfumi halijui.

Mirungwa wapo pia wachota maji, wanaosafiri hadi kila bandari kuleta mtungi mmoja. Mchota maji akichoka njiani na kujaza mtungi kwenye mto wa karibu, nani atajua, na lini?

Hatua ya 9: Andika tukio la kwanza la mtambo

Sasa washa kompyuta. Andika tukio moja lisilozidi ukurasa mmoja, ambamo mtambo unafanya kazi na jambo moja linakwenda kombo. Usieleze sheria, zionyeshe zikimbana mtu.

Maandiko yanayokwama huwa hivi:

"Mtambo wa kale ulinguruma, nuru ya zambarau ikatanda chumba kizima, na punde si punde tanga la ajabu likawa tayari mikononi mwa Bibi."

Hakuna mkono uliofanya kazi hapo, wala kilicholipwa. Linganisha na hili:

Bibi alipitisha kidole juu ya mtande, akasimama kwenye uzi mmoja karibu na ukingo.

"Huu una fundo."

"Ulikatika jana usiku, Bibi. Nikauunga."

"Kwa uzi wa wapi?"

"Wa kapuni."

"Nakuuliza maji yake, mjukuu wangu."

Mtoto alikitazama chungu cha uji, kilichokuwa kikavu tangu adhuhuri, asijibu. Bibi akakishika kitana, akashindilia mpito uliokamilisha shibiri ile, akatulia kidogo. Kisha akauliza, kwa sauti ya mtu anayeuliza saa, kama kisima kiko mkono wa kulia au wa kushoto ukitoka mlangoni.

Katika mistari hii msomaji amepata hitilafu ya uzi, umuhimu wa maji na gharama ya shibiri, na hakuna aliyemhutubia. Bibi hajasema kwamba amesahau. Fundo limegunduliwa kwa kidole, na kidole hicho kimetoka kwenye kadibodi ya hatua ya kwanza.

Ukimaliza, pitia tukio lako na ukate kila sentensi inayotaja nuru, ngurumo au neno "ajabu", kisha usome tena. Ikiwa mtambo bado ni wa ajabu, sentensi hizo hazikuwa na kazi, ziache zilikokwenda. Ikiwa umegeuka kuwa kitanda cha kawaida cha mfumi, rudi hatua ya 3.

Hatua ya 10: Mpe fundi asome

Msomaji wa kwanza asiwe mwandishi mwenzako. Tafuta fundi cherehani, mtarizi au mtu yeyote anayekata na kushona nguo kwa ajili ya kipato, na umpe tukio hilo pamoja na kurasa zako za sheria. Watu hawa wanaona haraka mahali ambapo nguo imetokea bila uzi.

Muulize jambo moja tu: mtambo huu, kwa wafumi waliopo, utatoa matanga mangapi kabla ya msimu wa kusi kwisha, na lile la mwisho litalipiwa na nani? Akiweza kulijibu kutokana na maandishi yako, hata kama jibu lake linatofautiana na lako, anza sura ya pili. Akikuambia kwamba hilo linategemea wewe unavyotaka, chukua daftari ufungue ukurasa wa hesabu.